Usiku wa sinema za nyumba yenye mizimu uani kwako Tanga: mwongozo kamili

Filamu za zamani za vichekesho vya nyumba yenye mizimu, nyingi zinaanza na msiba na wosia. Tajiri amefariki, jumba limebaki, warithi wanaitwa usiku, mvua inanyesha, na wosia haujamalizwa kusomwa milango inaanza kujifunga yenyewe. Ukifika mwisho unakuta mzimu hakuna. Kuna ami, au binamu, au genge la majambazi lenye shughuli zake ndani ya jumba hilo, na kila kishindo cha usiku kilipangwa ili mwenye haki akimbie aache mali. Mtu aliyekulia Ngamiani na kuona ndugu wakigombea nyumba ya marehemu haelezwi mara mbili. Anawajua watu hao kabla hawajatajwa majina.

Ndiyo maana nikisikia sinema hizi za miaka ya 1920 hadi 1960 haziwezi kupendwa huku kwetu, eti hazina rangi na zinakwenda polepole, najua msemaji hajawahi kuzionyesha mbele za watu. Ukizitazama peke yako kwenye simu kitandani, zinapooza. Zinataka watu ishirini, thelathini, wamekaa kwa kubanana gizani, na mmoja wa kusimulia. Mwongozo huu ni wa kufanya hivyo uani au barazani, hapa Tanga mjini, kwa vifaa ambavyo vingi unaweza kuazima.

Kwanza, jua kicheko kinatoka wapi

Hapa ndipo waandaaji wengi wanapopotea, kwa hiyo tukae kidogo. Kicheko hakitoki kwa mzimu, kinatoka kwa mwoga. Na mwoga wa filamu hizi ana hofu mbili: anamwogopa mzimu, na anaogopa zaidi kuonekana kuwa anamwogopa. Miguu inataka kukimbia huku mdomo unaendelea kujigamba. Mchekeshaji wa Marekani Bob Hope aliufanyia kazi uoga huo katika The Cat and the Canary ya 1939 na The Ghost Breakers ya 1940. Zote mbili yuko na Paulette Goddard, zote mbili msichana ndiye mrithi, na huyo msichana ana moyo kumshinda yeye.

Ili mwoga achekeshe, nyumba lazima itishe kweli. Mwaka 1948 wachekeshaji wawili wa Marekani, Abbott mwembamba na Costello mnene, walikutanishwa na majitu ya kutisha ya studio ya Universal. Bela Lugosi, aliyekuwa Dracula mnyonya damu mwaka 1931, akavaa tena joho lake. Lon Chaney Jr. akawa mtu-mbwamwitu. Wote wawili wanafanya kazi yao kwa uso mkavu, kama vile hakuna aliyewaambia kwamba hii ni filamu ya kuchekesha. Anayetetemeka ni Costello, na kwa sababu hatari inaonekana ya kweli, kutetemeka kwake kunavunja mbavu. Filamu ambayo mzimu wenyewe unafanya vituko na kuwakonyeza watazamaji, iache. Watoto watacheka dakika tano, kisha wataanza kurushiana mawe.

Kuna jaribio rahisi. Tazama robo saa ya mwanzo ukiwa umezima sauti. Kama bila neno hata moja unaweza kusema nani anaogopa na nani anajifanya haogopi, filamu hiyo itafanya kazi hata kwa bibi asiyejua neno la Kiingereza.

Pili, chagua moja fupi na moja ndefu

Usipange filamu tatu. Saa mbili zinatosha, na kesho watu wana kazi.

Ya kufungulia iwe ya kimya, nayo iwe The Haunted House ya Buster Keaton, ya 1921. Ni ya dakika ishirini na kidogo. Keaton ni karani wa benki anayemwaga gundi mezani, na noti zinamganda yeye na kila anayemsogelea. Hapo watu wako bado wanatafuta pa kukaa. Kisha tunaingia kwenye jumba ambalo watengeneza noti bandia wamelijaza mitego ili watu walikimbie. Kuna ngazi: mtu akifika katikati, vidato vyote vinalala, ngazi inakuwa mteremko, anarudi chini kwa makalio. Mara ya kwanza uani watashtuka. Mara ya tatu wataanza kucheka mtu anaponyanyua mguu tu, na hapo umeshawapata kwa usiku mzima. Jambo moja la kuangalia: mwishoni Keaton anaota amepanda hadi mlango wa mbinguni, anakataliwa, na kuteremka moja kwa moja hadi motoni. Kama uani pana wazee wasiopenda mzaha wa namna hiyo, zima kabla ya ndoto. Hadithi yenyewe inakuwa imeshakwisha, hakuna atakayedai chenji.

Ukitaka fupi nyingine badala yake, ipo Haunted Spooks ya Harold Lloyd, ya 1920. Msichana ameachiwa jumba kwa sharti: aishi humo mwaka mzima pamoja na mume. Mume hana. Mwanasheria anatoka kumtafuta mwanamume yeyote aliye tayari, na ami wa binti anaanza kazi ya kuwatisha wahame. Filamu hii ina historia yake. Mwaka 1919 Lloyd alishika bomu akidhani ni la maigizo, kwa ajili ya kupigwa picha, likamlipukia. Alipoteza kidole gumba na cha shahada cha mkono wa kulia, na filamu ikasimama kwa miezi. Aliporudi alivaa glavu iliyotengenezwa kuficha vidole visivyokuwepo. Waambie vijana wautazame mkono huo. Watatulia kimya kuliko ukiwakemea.

Lakini Haunted Spooks ina ugonjwa wa filamu nyingi za nyumba za mizimu za enzi hizo, na huwezi kuunyamazia mbele ya watu wa Tanga. Mtumishi mweusi ndiye anayefanywa mwoga kuliko waoga wote: macho yanamtoka, magoti yanagongana, anakimbia na kivuli chake. The Ghost Breakers nayo ina Willie Best, mchekeshaji aliyejua kupima muda wa kichekesho kama mizani, lakini alipewa maneno ambayo leo hayasemeki sebuleni kwa mtu. Maoni yangu: mbele ya watoto wengi, usionyeshe hizo mbili. Mbele ya watu wazima unaweza, ila uwaambie mapema kitu gani kinakuja na kwa nini kiliwekwa, kisha uwaache wapime wenyewe. Watu wanaoona dharau wanajua kuitaja, hawahitaji somo refu.

Ndefu ya usiku wa kwanza iwe Hold That Ghost ya 1941, ya Abbott na Costello, yapata dakika 86. Wahudumu wawili wa kituo cha mafuta wanajikuta karibu na jambazi anayekata roho, na wosia wake unasema mali iende kwa atakayekuwa naye dakika hiyo. Hivyo wanarithi baa ya porini iliyotelekezwa. Jambazi huyo alikuwa akisema siku zote fedha zake anazihifadhi kichwani. Hakuna mwenye akili ya kuuliza kichwa cha nani, na ukutani kuna kichwa kikubwa cha mnyama mwenye pembe, kimetundikwa, kinawatazama filamu nzima. Mpaka sasa sijaona uani ambako mtoto hajakigundua kabla ya watu wazima.

Kama baraza lako limejaa waliokulia kwenye sinema za Kihindi, badili ndefu uweke Bhoot Bungla ya 1965. Mehmood aliiongoza na kuigiza, Tanuja yumo, muziki ni wa R. D. Burman. Ukifika wimbo wa twist, acha nafasi mbele ya shuka, kwa sababu kuna mtu mwenye umri wa kuitwa babu atakayesimama kucheza.

Tatu, suala la haki

Filamu zilizotoka Marekani kabla ya 1930 zimeshatoka kwenye ulinzi wa hakimiliki nchini humo, kwa kuwa miaka 95 imepita. Keaton na Lloyd waliotajwa hapo juu wamo humo. Za Bob Hope, Abbott na Costello na Mehmood zina wenyewe, kwa hiyo tafuta nakala halali. Kukaa na familia na majirani bila malipo ni jambo moja. Kutoza kiingilio na kubandika matangazo mtaani ni jambo jingine, na huko uende kwanza COSOTA, wanaosimamia hakimiliki nchini, na Bodi ya Filamu. Kumbuka pia kwamba muziki uliobandikwa juu ya filamu ya kimya unaweza kuwa wa juzi tu na una mwenyewe, hata kama picha ni ya 1921. Dawa ya hilo iko hatua ya sita.

Nne, mahali na siku

Utapata mtu wa kushauri mkaonyeshe kwenye gofu la Wajerumani, au mwenye bidii zaidi atasema twendeni Mapango ya Amboni. Kataa. Amboni ni mahali ambapo watu wanakwenda na dua na sadaka zao kwa mambo mazito, na si adabu kwenda kucheka hapo kwa mizimu ya bandia. Gofu nalo lina nyoka, misumari na zege linalobomoka. Zaidi ya yote, mtu hawezi kucheka uoga wa mwenzake akiwa naye ana wasiwasi na ukuta alioegemea. Filamu hizi zinataka mtazamaji awe salama kabisa: nyumbani, karibu na ngazi anayoijua, akisikia sufuria za jirani.

Ua wa Makorora, baraza la Chumbageni, popote palipo na ukuta uliopakwa chokaa. Ukuta unaushinda shuka kwa sababu haupepei. Shuka ukilitumia, la sita kwa sita linafaa. Lipige pasi, shona pindo la chini upitishe ufito, na lifunge pembe zote nne, kwani upepo wa bahari usiku ukilishika, Costello atakuwa na matumbo mawili. Epuka masika, na chagua usiku ambao mwezi haujachomoza. Mbalamwezi ya Tanga ni nzuri kwa mapenzi, si kwa projekta ya kuazima.

Anza saa mbili usiku, Isha ikiwa imeshaswaliwa. Mwarifu mwenyekiti wa mtaa na majirani wa pande zote, hasa mwenye mgonjwa au mtoto mchanga. Vicheko vya watu thelathini vinafika mbali kuliko spika.

Tano, vifaa

Projekta ndogo, kompyuta mpakato, filamu ikiwa imeshapakuliwa kwenye flashi (usitegemee intaneti usiku huo), waya mrefu wa umeme, na spika moja. Projekta nyingi za bei nafuu zina mwanga hafifu, kwa hiyo usiwe na tamaa ya picha kubwa. Upana wa sentimita 180 unatosha watu thelathini, na kwa filamu hizi kimo chake kitakuwa sentimita 135, kwa sababu filamu za zamani zina uwiano wa 4:3. Ingia kwenye mpangilio wa projekta uhakikishe haivuti picha ijaze upana wote. Ikivutwa, Keaton aliyekuwa mwembamba anakuwa mpishi wa harusi.

Spika iweke nyuma ya shuka au chini ya ukuta, isikae karibu na projekta. Mlango ukilia kwenye picha, sauti itoke kwenye picha. Ikitokea mgongoni mwa watu, hofu yote inapotea.

Sita, muziki wa ile ya kimya

Zima kabisa sauti iliyokuja na filamu na utafute mpigaji. Mji uliotoa vikundi vya Black Star na Lucky Star haukosi mtu wa taarabu mwenye kodiani, fidla au kinanda cha betri. Mwombe vitu vitatu tu: mwendo wa kutembea, mwendo wa wasiwasi na mwendo wa kukimbia. Aitazame filamu mara moja mchana. Amri ya pekee ni kwamba mlango wowote ukianza kufunguka, anyamaze. Wapigaji wenye vipaji huwa na ugumu na amri hiyo, kwa hiyo irudie.

Saba, msimuliaji

Kazi nzima inasimama au kuanguka hapa. Waliokulia kwenye vibanda umiza wanamkumbuka Lufufu, ambaye sauti yake ya Kiswahili juu ya filamu za kigeni ilikuwa burudani kamili peke yake. Mtindo ule wa kumimina maneno bila kituo ulifaa sana filamu za ngumi na bunduki. Kwa nyumba ya mizimu, msimuliaji anatakiwa aweze kufunga mdomo.

Chukua tukio la mishumaa katika Hold That Ghost. Costello na Joan Davis wamekaa mezani. Mshumaa unaanza kusogea wenyewe. Costello anaona, mwenzake haoni. Anataka kumwita Abbott aliye chumba kingine, sauti haitoki. Abbott anapokuja hatimaye, mshumaa umetulia kama haukuwahi kuondoka. Msimuliaji mbaya atasema: "Sasa tazameni, mshumaa unasogea, jamaa anaogopa sana!" Amekula chakula cha watu. Mzuri atafanya hivi:

Wanapokaa: "Bibie anasoma. Bwana naye anasoma." Basi.

Mshumaa unaposogea: kimya. Aache uani waone wenyewe. Kutakuwa na mtoto atakayepiga kelele, na huyo ndiye msimuliaji wa sekunde hiyo.

Costello anapofungua mdomo pasipo sauti: avute pumzi tu kwenye maikrofoni, mara mbili, tatu. "Ch... ch..."

Abbott anapoingia: "Wapi?" Neno moja, kwa sauti ya mtu aliyekatizwa kula.

Akiondoka na mshumaa ukaanza tena: kimya, tena kirefu zaidi ya mwanzo.

Kwenye mazungumzo, usitafsiri kila sentensi. Mpe kila mhusika namna yake ya kusema na ubaki nayo. Mwoga aseme kwa upole wa pwani: "Mwenzangu, mie naona usiku umekuwa mwingi, twende zetu." Mwanasheria wa wosia aseme Kiswahili cha mahakamani: "Kwa mujibu wa wosia huu, mwombaji wa kwanza..." Ami mwovu awe mtamu kupita kiasi, kila neno "mwanangu, mwanangu". Mwoga usimpe lafudhi ya kabila lolote. Kuna mtu uani wa kabila hilo, na kicheko kitamwendea yeye badala ya Costello. Na hao wa kwenye filamu usiwaite majini. Hapo uani kuna watu ambao majini kwao si hadithi, na utawatoa kwenye mzaha kwa neno moja.

Nane, mambo ya uani yenyewe

Vyakula visivyo na kelele: kashata, visheti, mihogo ya kukaanga, chai. Mihogo yenye pilipili itolewe wakati wa mapumziko, mtu akipaliwa gizani anaharibu tukio zima.

Taa ya njia ya kwenda chooni iwake kuanzia mwanzo hadi mwisho, na iwe mbali na shuka. Usipofanya hivyo, watoto watajibana saa mbili nzima, na baadhi ya baba zao pia. Wadogo wenye kulala mbali wasindikizwe na mtu mzima, kila mmoja hadi mlangoni.

Bila shaka kutakuwa na kijana mwenye wazo la kujifunika shuka jeupe na kutokea nyuma ya watu. Mtafute kabla ya filamu kuanza, umpe kazi ya kulinda waya wa umeme. Wapo wenye presha, wapo wajawazito, na mkurupuko wa watu thelathini kwenye ua wenye mlango mmoja si kichekesho.

Umeme ukikatika, usiruhusu mtu awashe tochi ya simu haraka. Msimuliaji aendelee na hadithi pale pale kwa mdomo, polepole, gizani, mpaka urudi. Hivyo ajue filamu nzima kwa moyo. Nimeona uani ambako umeme uliporudi watu walilalamika wakitaka amalizie yeye.

Ukiona umati umeshika, usiku wa pili weka The Cat and the Canary ya kimya ya 1927, iliyoongozwa na Mjerumani Paul Leni. Wosia umefungwa miaka 20, unasomwa usiku wa manane, binti anarithi kila kitu ila kwa sharti ithibitike kwamba ana akili timamu. Basi kuna mtu humo ndani mwenye kila sababu ya kumtia wazimu kabla ya asubuhi, na kuna mkono unaotokea ukutani kuchukua mkufu shingoni mwake akiwa amelala. Dakika chache kabla ya mwovu kufichuliwa, simamisha filamu, washa taa, na kila mtu amtaje anayemshuku. Andika majina kwenye karatasi. Anayepatia anapata soda ya baridi. Utashangaa ni wangapi watakaomjua kwa namna alivyompa pole binti mwanzoni, na waliowahi kuiona filamu uwakatalie kushiriki.